Mlembe: Ndege Aongozaye Watu kwenye Nyuki, na Makazi Yake katika Bukoba na Muleba

Mtu anayetembea asubuhi katika mapori ya Wilaya ya Muleba, upande wa Ziwa Burigi, anaweza kufuatwa na ndege mdogo wa rangi ya kijivu na kahawia anayeruka kutoka tawi hadi tawi huku akitoa mlio wa haraka usiokatika, unaofanana na kiberiti kilichojaa njiti kinapotikiswa mkononi. Asiyemfahamu humpuuza na kuendelea na safari. Anayemfahamu hubadili njia na kumfuata, kwa sababu ndege huyo anajua mahali lilipo pango la nyuki na anahitaji mtu mwenye shoka na moto wa kulifungua.

Ndege huyo ni mlembe. Baadhi ya watu humwita kiongozi, na wengine ndege wa asali. Jina lake la kisayansi, Indicator indicator, lina maana ya mwenye kuonyesha, na limerudiwa mara mbili. Ukoo wake una spishi zinazokaribia 17, zote zikiwa za Afrika isipokuwa mbili zinazoishi Asia. Katika Tanzania zimo spishi kadhaa, lakini ni mlembe mkubwa peke yake ambaye tabia yake ya kuongoza watu imethibitishwa kwa vipimo vya kitaalamu.

Umaarufu wa mlembe unatokana na urafiki wake na binadamu. Upande wake wa pili hausimuliwi sana: hajengi kiota, halei watoto wake, na kinda wake huanza maisha kwa kuua. Pande hizi mbili zinastahili kuelezwa pamoja, hasa katika Mkoa wa Kagera ambako ufugaji nyuki, uhifadhi wa misitu na kilimo cha kahawa vinakutana katika eneo moja.

Chakula ambacho wengine hawakiwezi

Licha ya jina lake, mlembe hatafuti asali. Anachotafuta ni nta, pamoja na mayai ya nyuki na majana, yaani watoto wa nyuki waliomo ndani ya masega. Ndege na wanyama wengi wakimeza nta huitoa kama walivyoimeza, kwa kuwa miili yao haina uwezo wa kuivunja na kuitumia. Mlembe anao uwezo huo. Miongoni mwa wanyama wenye uti wa mgongo walio hai leo, wanaoweza kuishi kwa kutegemea chakula cha namna hii ni wachache mno, na kati yao ni baadhi ya ndege wa baharini wanaokula viumbe wadogo wa majini wenye mafuta ya jamii ya nta.

Ushuhuda wa kale ulioandikwa kuhusu tabia hiyo unatoka katika pwani ya Afrika Mashariki. Mmisionari Mreno João dos Santos, aliyekuwa Sofala katika nchi ambayo leo ni Msumbiji, aliona mwishoni mwa karne ya 16 ndege wadogo wakiingia kanisani na kudonoa mishumaa ya nta. Katika kitabu chake kilichochapishwa mwaka 1609, aliandika pia kwamba ndege hao huwaongoza watu kwenye nyuki. Wakazi wa eneo hilo, bila shaka, walikuwa wakilijua jambo hilo vizazi vingi kabla yake.

Tatizo la mlembe ni kwamba nta ipo ndani ya ngome. Nyuki wa Afrika hukaa katika mapango ya miti yenye mlango mwembamba, au katika nyufa za miamba na vichuguu, nao ni wakali. Ngozi ya mlembe ni nene kuliko ya ndege wengi wa umbo lake, lakini haimkingi dhidi ya kundi zima, na walembe wamewahi kukutwa wamekufa kwa kuumwa na nyuki. Mdomo wake mfupi hauwezi kupasua mti. Akiwa peke yake, anachoweza kupata ni masega yaliyoachwa na nyuki waliohama, mabaki yaliyoangushwa na wanyama wengine, au kuchungulia pango alfajiri wakati baridi imewazubaisha nyuki. Nje ya hapo hula wadudu, wakiwemo wale wanaotoa nta juu ya majani.

Ndipo binadamu anapoingia. Ana moto na moshi wa kuwatuliza nyuki, ana shoka la kupasua mti, naye anataka asali. Mlembe anafahamu eneo lake pango kwa pango, na anataka nta. Hakuna ndege mwingine wa porini anayejulikana kuwa na ushirikiano wa namna hii na watu, na hakufugwa wala kufundishwa na mtu yeyote.

Namna anavyoongoza

Kwa muda mrefu wasomi walisita kuamini simulizi za warina asali. Utafiti uliowanyamazisha wenye shaka ulifanyika kaskazini mwa Kenya miongoni mwa Waborana, ukaongozwa na Hussein Isack, mtaalamu Mkenya aliyetoka katika jamii hiyohiyo, akishirikiana na Heinz-Ulrich Reyer. Matokeo yao yalichapishwa mwaka 1989. Katika maeneo wasiyoyazoea, warina asali waliotafuta bila ndege walitumia wastani wa saa 8.9 kupata kundi moja la nyuki. Walipoongozwa na mlembe, muda huo ulishuka hadi saa 3.2. Upande wa ndege nao ulipata faida, kwa kuwa asilimia 96 ya mapango yaliyopatikana yasingeweza kufikiwa na mlembe mpaka binadamu ayafungue.

Utafiti huo ulithibitisha pia mambo ambayo Waborana walikuwa wakiyasema siku zote. Ndege anapokutana na mtu kwa mara ya kwanza, huondoka kwa kitambo na kupotea machoni kabla ya kurudi. Kadiri nyuki walivyo mbali, ndivyo anavyokawia kurudi. Safari inapoanza, huruka kuelekea upande uleule, akionyesha manyoya meupe ya pembeni mwa mkia ili anayemfuata asimpoteze. Hutua, husubiri, huita, na mtu akikaribia huruka tena. Nyuki wanapokuwa karibu, vituo vyake vinafupika na matawi anayotua yanakuwa ya chini zaidi. Akifika penyewe, mlio hubadilika: unakuwa wa taratibu na wenye nafasi kati ya sauti na sauti, kisha ananyamaza. Hapo mrina asali huacha kumtazama ndege na kuanza kutazama miti.

Mazungumzo hayo ni ya pande mbili, kwani watu nao humwita. Waborana hupuliza mluzi mkali kwa kutumia viganja, makombe ya konokono au mbegu zilizotobolewa. Wayao wa Niassa, kaskazini mwa Msumbiji, hutoa sauti ya mtetemo wa ulimi inayomalizika kwa mguno mfupi. Mtafiti Claire Spottiswoode, akiwa na Keith Begg na Colleen Begg, aliijaribu sauti hiyo kwa kuilinganisha na sauti nyingine. Kwa mujibu wa matokeo yaliyotolewa mwaka 2016, sauti ya Wayao iliongeza uwezekano wa kupata ndege wa kuongoza kutoka asilimia 33 hadi 66, na uwezekano wa kufika kwenye nyuki kutoka asilimia 16 hadi 54.

Nchini Tanzania jamii inayojulikana zaidi kwa jambo hili ni Wahadzabe wa Bonde la Ziwa Eyasi, ambao humwita ndege huyo kwa mluzi wenye mahadhi. Brian Wood na wenzake waliripoti mwaka 2014 kwamba msaada wa mlembe uliongeza kasi ya Wahadzabe kupata nyuki kwa asilimia 560, na kwamba kati ya asilimia 8 na 10 ya chakula chao chote kilipatikana kwa msaada wa ndege huyo. Mwaka 2023 Spottiswoode na Wood walichapisha jaribio lililofanyika katika nchi zote mbili. Walembe wa Tanzania waliitikia mluzi wa Kihadzabe zaidi ya mara tatu kuliko walivyoitikia sauti ya Kiyao. Wale wa Niassa waliitikia sauti ya Kiyao karibu mara mbili kuliko mluzi wa Kihadzabe. Kwa maneno mengine, mlembe hujifunza lugha ya watu anaoishi nao.

Ugunduzi huo una uzito wa pekee kwa maeneo kama Kagera. Ikiwa ndege hujifunza ishara za watu wa mahali pake, basi ushirikiano huu unaweza pia kusahaulika. Watu wakiacha kumwita na kumfuata, kwa sababu asali wanaipata kwenye mizinga au wananunua sukari dukani, ndege anakosa sababu ya kumsogelea mtu. Hali hiyo imekwisha kuonekana katika sehemu mbalimbali za Afrika ambako mlembe bado yupo, lakini haongozi watu tena.

Malipo yake

Katika nchi nyingi za Afrika inasimuliwa kwamba mtu asipomwachia mlembe fungu lake, siku nyingine ndege huyo atalipiza kwa kumpeleka kwenye nyoka mkubwa au simba. Simulizi hii imewafundisha watoto wengi kutokuwa wachoyo, na kwa kazi hiyo inafaa. Kwa upande wa vipimo, safari za mlembe huelekea kwenye nyuki. Anayemfuata akikutana na nyoka porini, jambo hilo linatokana na kuwa porini kuna nyoka.

Desturi za malipo zinatofautiana. Wayao wa Niassa hukusanya nta na kuitandaza juu ya majani mabichi ili ndege aione. Wahadzabe hufanya kinyume chake: huzika, huficha au huchoma masega yaliyobaki, kwa hoja kwamba ndege aliyeshiba hataongoza tena siku hiyo. Wote wawili wanaendelea kuongozwa. Hata Wahadzabe wanapoficha, kuna vipande vinavyoanguka chini, na kwa ndege mwenye uzito wa gramu 50 hivi, kipande kidogo kinatosha.

Ipo pia simulizi kwamba mlembe huongoza nyegere kama anavyoongoza watu. Imeandikwa vitabuni na kuonyeshwa katika filamu, ingawa baadhi ya picha hizo zilitengenezwa kwa kutumia wanyama waliofugwa. Mwaka 2023 kundi la watafiti lilitoa matokeo ya mahojiano na warina asali karibu 400 katika nchi 9 za Afrika. Wengi wao walisema hawajawahi kuona ndege na nyegere wakishirikiana. Hata hivyo, katika jamii kadhaa za Tanzania, Wahadzabe wakiwa mstari wa mbele, walikuwepo waliosema wameliona jambo hilo kwa macho yao. Warina asali hao hutembea porini kimya kimya wakiwa na pinde, na pengine ndiyo maana wanaona yale ambayo mtu mwenye kelele hawezi kuyaona.

Kiota cha kuazima

Jike la mlembe halijengi kiota. Hutafuta tundu la ndege mwingine na kutaga humo yai moja jeupe. Ndege wanaovamiwa kwa namna hii ni wale wanaozalia gizani: keremkerem na mdiria wanaochimba kingo za udongo, kigogota na jamaa zake wanaotoboa miti mikavu, hudihudi, baadhi ya kwezi na mbayuwayu. Wapo walembe majike wanaotaga katika matundu ya ardhini na wengine katika matundu ya miti. Uchunguzi wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2011 ulionyesha kwamba makundi hayo mawili ni nasaba tofauti za upande wa mama zilizotengana tangu zamani sana, ingawa madume na majike wa pande zote huzaliana kama spishi moja. Mayai nayo hukaribiana kwa ukubwa na umbo na yale ya ndege mwenyeji.

Jike huwa na haraka, na haraka hiyo ina hesabu. Kabla ya kuondoka, mara nyingi hudonoa na kutoboa mayai ya mwenye tundu. Yai lake mwenyewe huwa limekaa mwilini mwake kwa muda wa ziada wa takriban siku moja, likipata joto na kuanza kukua kabla ya kutagwa. Matokeo yake ni kwamba kinda wa mlembe huanguliwa mapema kuliko wenzake.

Yanayofuata hayakujulikana vizuri mpaka kamera zinazoona gizani zilipoingizwa ndani ya matundu ya keremkerem nchini Zambia, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2012. Kinda wa mlembe huanguliwa akiwa kipofu na bila manyoya, lakini ncha za mdomo wake zina ndoano mbili kali. Makinda wa mwenye tundu wanapoanguliwa, huwauma na kuwatikisa gizani. Baadhi walikufa ndani ya dakika chache na wengine baada ya saa kadhaa. Mzazi wao huingia na chakula mdomoni bila kutambua kinachoendelea, na wakati mwingine humlisha muuaji huku mtoto wake mwenyewe akiumwa pembeni.

Ndoano hizo hutoweka kadiri kinda anavyokua, kwa kuwa kazi yake imekwisha. Kwa muda wa mwezi mmoja au zaidi kidogo, wazazi wa kuazima humlisha peke yake, na sauti yake ya kuomba chakula huwa kubwa kama ya makinda wengi kwa pamoja. Siku ya kutoka, huruka na kuwaacha.

Kinda huyo hajawahi kumwona mlembe mwingine. Amelelewa na keremkerem au kigogota kwa chakula cha wadudu, na hakuna aliyemwonyesha nta wala binadamu. Hata hivyo, baada ya muda si mrefu atakuwa anatafuta masega na kuwaita watu wamfuate. Msingi wa tabia hiyo, kwa hiyo, huzaliwa nao. Anachoongeza kwa kujifunza ni namna watu wa eneo lake wanavyomwita.

Bukoba, Muleba na mapori yao

Mlembe mkubwa hupenda uoto wa miti iliyoachana na nyasi kati yake. Hukwepa msitu mzito wenye giza, na hukwepa jangwa. Kwa kipimo hicho, Mkoa wa Kagera hauna sura moja. Ukanda wa ziwa, kuanzia Bukoba hadi sehemu za Muleba zilizo karibu na maji, hupata mvua nyingi, ambayo Bukoba hufikia takriban milimita 2,000 kwa mwaka. Huko ndiko kwenye bibanja vya migomba na kahawa, vikitenganishwa na rweya, yaani mbuga za nyasi zenye udongo hafifu. Kadiri mtu anavyoelekea magharibi na kusini, mvua hupungua na miti ya savana inaanza. Makazi yanayomfaa zaidi mlembe mkubwa yapo upande huo.

Katika ukanda wa bibanja, anayetarajiwa zaidi ni jamaa yake mdogo, mlembe mdogo, mwenye rangi ya kijivu na kijani iliyofifia. Huyu huishi pembezoni mwa misitu, katika bustani na kwenye miti mikubwa iliyobaki mashambani, na hutaga katika matundu ya ndege wanaotoboa matawi makavu. Hula nta kama mwenzake lakini haongozi watu, na kwa sababu hiyo anaweza kukaa karibu na nyumba miaka mingi bila mwenye nyumba kumtambua.

Sehemu kubwa ya savana ya upande wa Ziwa Burigi leo imo ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Burigi-Chato, yenye ukubwa wa kilomita za mraba 4,707, iliyoanzishwa mwaka 2019 kutokana na yaliyokuwa mapori ya akiba ya Biharamulo, Burigi na Kimisi. Mabadiliko hayo yana maana ya moja kwa moja kwa mwananchi wa Muleba. Ndani ya hifadhi ya taifa, chini ya usimamizi wa Shirika la Hifadhi za Taifa Tanzania (TANAPA), kuingia bila kibali na kurina asali ni makosa kisheria. Mlembe hatambui mpaka huo. Anaweza kumwita mtu aliyesimama kwenye ardhi ya kijiji na kumwelekeza kwenye mti ulio ndani ya hifadhi. Anayeongozwa ndiye anayepaswa kujua mahali pa kuishia.

Moto ni suala jingine. Urinaji wa kienyeji hutumia mwenge, na mwenge ulioachwa chini ya mti wakati wa kiangazi unaweza kuteketeza eneo kubwa la rweya na msitu kabla ya jioni. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 inakataza kuchoma uoto bila kufuata utaratibu wa kibali. Mbali na adhabu, moto huondoa maua ambayo nyuki wanayategemea na huangusha miti mikavu yenye mapango. Mti mkavu, ambao wengi huuona kama kuni zilizosimama, ni nyumba ya nyuki, ya kigogota, na kwa njia ya wizi, ya mlembe pia.

Mfugaji nyuki na mlembe

Wafugaji wanaomwona mlembe kwenye manzuki humdhania mwizi. Ukweli ni kwamba hawezi kufungua mzinga uliofungwa vizuri wenye nyuki wenye nguvu. Anachofuata ni vipande vya masega vilivyotupwa chini wakati wa mavuno, au mzinga ambao nyuki wameuhama. Mlembe anayeingia na kutoka kwenye mzinga bila kusumbuliwa ni ishara kwamba mzinga huo unahitaji kukaguliwa mapema, kwa kuwa huenda hauna nyuki tena na nondo wa nta wako njiani. Mfugaji anayekusanya nta yake yote kwa ajili ya kuuza anaweza kubakiza kipande kimoja kwenye jani. Hasara yake ni ndogo kuliko ya nta inayotupwa hovyo katika mavuno mengi.

Isisahaulike kwamba mlembe si rafiki wa nyuki. Kila pango analoonyesha likapasuliwa kwa shoka na kuchomwa kwa mwenge, mara nyingi kundi la nyuki linakufa au linahama. Kwa Bukoba na Muleba hasara hiyo inagusa kahawa. Robusta, ambayo ndiyo kahawa kuu ya Kagera, haizai kwa chavua yake yenyewe: inahitaji chavua ya mti mwingine, inayoletwa na upepo pamoja na wadudu, wakiwemo nyuki. Makundi ya nyuki yanapopungua karibu na bibanja, mkulima wa kahawa anapoteza sehemu ya uchavushaji huo, hata kama hajawahi kuonja asali ya porini. Ndiyo sababu ufugaji kwa mizinga, unaomwezesha mtu kuvuna asali bila kuua kundi, unahimizwa badala ya kupasua miti.

Sheria ya Ufugaji Nyuki Na. 15 ya mwaka 2002 inatoa nafasi ya kuanzishwa kwa hifadhi za nyuki, zikiwemo za vijiji. Kijiji chenye kipande cha msitu wa asili au savana nje ya hifadhi ya taifa kinaweza kukitenga kwa ajili ya nyuki na kuweka mizinga humo. Mahali pa kuanzia ni serikali ya kijiji na Afisa Nyuki wa halmashauri, ambaye pia hutoa ushauri kuhusu aina ya mizinga, mavazi ya kinga na bomba la moshi linalochukua nafasi ya mwenge. Eneo la namna hiyo likiachiwa miti yake mikavu, mlembe hupata makazi humo bila gharama ya ziada.

Ndege huyu analindwa pia na Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori Na. 5 ya mwaka 2009, ambayo hairuhusu kukamata au kuua wanyamapori, ndege wakiwemo, bila leseni au kibali. Kwa vijana wenye manati jambo hili halifahamiki sana, na mlembe ni shabaha rahisi kwa sababu ndiye anayemsogelea mtu na kuketi wazi akipiga kelele.

Kumtambua si kazi ngumu mtu akijua pa kuangalia. Urefu wake ni sentimita 20 hivi. Dume aliyekomaa ana koo jeusi, shavu lenye doa jeupe na mdomo wa rangi ya waridi, na katika msimu wa kuzaliana huketi juu ya mti uleule akirudia wito wa silabi mbili kwa saa nyingi. Mti huo huweza kutumika mwaka hadi mwaka. Jike halina alama hizo, ni la kahawia mgongoni na limepauka tumboni. Mlembe mchanga hutofautiana na wote wawili kwa koo na kifua chenye rangi ya manjano, kiasi kwamba wengi humdhania ndege wa aina nyingine kabisa. Wote watatu wana manyoya meupe pembeni mwa mkia, ambayo huonekana vizuri zaidi anaporuka mbele ya mtu, na wote watatu huongoza.